Gazeti la Juzi

Miaka ya sabini, gazeti la Uhuru lilifika Tarime likiwa limechelewa siku mbili tatu. Lilitoka Dar es Salaam, likapitia Mwanza na Musoma, na kwa kuwa Daraja la Kirumi lilikuwa halijajengwa, basi lilingoja kivuko kuvuka Mto Mara. Habari zake nyingi tulikwisha kuzisikia Redio Tanzania. Kitu kimoja tu kilifika hakijachacha: tahariri.

Baba mdogo alikuwa na duka karibu na stendi, na jioni wazee walikaa barazani nikiwasomea. Redio ilikwisha kuwapa yaliyotokea. Tahariri iliwaambia msimamo, na hapo ubishi ulianza. Mzee mmoja wa ukoo wa Wanchari hakuniacha nipite haraka. “Mura, rudia hapo.” Nikirudia, anauliza aliyeandika ni nani. Nikimjibu kwamba hapana jina, anaridhika. Uamuzi wa inchama, baraza la wazee wa Kikurya, nao hautangazwi kwa jina la mzee mmoja.

Nilipoajiriwa gazetini Dar es Salaam, miaka ya themanini, niliikuta kazi yenyewe. Tahariri ilipigwa taipureta jioni, baada ya kikao cha wahariri, na haikuruhusiwa kuzidi safu yake. Neno “mimi” ni mwiko. Unaweka mezani Hansadi, hotuba ya waziri na taarifa ya mwandishi wa mkoani, kisha unajiuliza: tunamtaka nani afanye nini, na lini? Mhariri aliyenifundisha alifuta kwa kalamu nyekundu kila sentensi iliyosema “kuna haja ya kuangalia uwezekano”. Alikuwa mkali, na namshukuru hadi leo.

Wakubwa wa kazi walitusimulia ya Frene Ginwala wa Afrika Kusini, ambaye Mwalimu Nyerere alimkabidhi gazeti la The Standard lilipotaifishwa mwaka 1970. Mwaka uliofuata tahariri yake ikamlaani Nimeiri wa Sudan kwa kuwanyonga viongozi wa kikomunisti, na Ginwala akaondolewa kazini. Habari hiyo iliniuma, maana Mwalimu alikuwa mtu wa kwetu Mara, na mwaka 1958 yeye mwenyewe alishtakiwa na wakoloni na kutozwa faini kwa maneno aliyoyaandika katika Sauti ya TANU. Kumbe jina halimo ukurasani, lakini siku mambo yakiharibika yupo anayeitwa.

Mwaka 1993 nilimfuatilia kwa makini Stan Katabalo wa gazeti la Mfanyakazi, aliyefichua jinsi kitalu cha uwindaji cha Loliondo kilivyogawiwa mgeni kutoka Uarabuni. Alifariki mwaka huohuo. Loliondo iko mashariki ya Hifadhi ya Serengeti. Sisi wa Mara tuko magharibi yake, na zamu yetu ikafika. Mwaka 1994 yakatangazwa mapori ya akiba ya Ikorongo na Grumeti, jirani na vijiji vya Mugumu. Nilikwenda huko kwa shangazi yangu. Alinipeleka shambani nikaona mtama umelala chini, umekanyagwa, na mihogo imeng'olewa na tembo usiku mmoja. Mwaka mzima wa chakula. Akaniuliza, “Ninyi wa magazeti, tembo ana wakili, mimi nina nani?” Swali hilo niliingia nalo kwenye kikao cha wahariri, na safu niliyoandika jioni ile naihesabu kuwa bora kuliko zote nilizowahi kuandika.

Kinachonikera hadi sasa ni tahariri za Dar es Salaam kuhusu Tarime. Tangu zamani ni zilezile: zinalaani mapigano ya koo, zinaviomba vyombo vya dola vichukue hatua, basi. Hazisemi ni shamba lipi linagombewa, mpaka uliwekwa na nani, ng'ombe wamevushwa wapi kwenda Kenya. Mgodi wa North Mara ulianza uzalishaji mwaka 2002, na damu ilipomwagika Nyamongo, ulipo mgodi huo, tahariri nyingi ziliwaita watu wa pale wavamizi kabla ya kuuliza walikuwa wakiishi wapi na kula nini kabla ya mgodi. Huo si msimamo wa gazeti. Ni uvivu.

Kwa hiyo nawaomba mnaokalia meza hiyo leo: kabla ya kuandika “tunalaani” juu ya Nyamongo au Mugumu, pandeni basi mje. Daraja la Kirumi lipo siku hizi.