Mashauri Mawili

Jumatatu, 12 Februari 2024
Usiku umeingia ujumbe mwingine: "Mama, ondoa kesi ama utaondolewa wewe." Namba siijui, lakini kesi yangu ni moja tu, ile ya mahindi. Magunia themanini nilimpa mfanyabiashara kwa ahadi, akayauza Kitale, pesa nisizione mpaka leo. Nimeunakili ujumbe hapa neno kwa neno, na saa ulioingia. Mwanangu alitaka kuufuta ili usinikoseshe usingizi. Nimemkataza, kwa kuwa huo ndio ushahidi wangu.

Alhamisi, 15 Februari
Nimefika kituo cha polisi. Askari wa zamu akasema, "Mama, haya ni mambo ya deni. Hebu ongeeni kwanza." Nikamweleza kwamba deni liko kortini Kimilili na sikuja kulidai kwake. Kutishia kumuua mtu ni jinai, kifungu cha 223 cha Kanuni ya Adhabu, na adhabu yake yaweza kufika miaka 10 jela. Hapo akafungua kitabu cha matukio, OB. Namba ya OB nimeiandika kwenye jalada la daftari hili.

Jumapili, 18 Februari
Baada ya kanisa alikuja shemeji. "Shemeji, ondoa hiyo kesi. Watoto wa marehemu ndugu yangu watabaki na nani?" Najua ni hofu iliyomsemesha, na hofu hiyo hata mimi ninayo, jioni mlango naufunga mapema, pikipiki ikipunguza mwendo njiani moyo unaruka. Lakini deni halikuanza leo hapa Tongaren. Wazazi wetu walipogawiwa mashamba ya walowezi baada ya uhuru, walipewa kwa mkopo wa serikali, wakaulipa miaka mingi kwa mahindi na maziwa. Aliyechelewa aliandikiwa barua. Hakutumiwa vijana usiku.

Jumanne, 20 Februari
Wakili amenionyesha njia mbili. Kwa hakimu, kifungu cha 43 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai chaweza kumfunga anayetishia kwa dhamana ya kudumisha amani, isiyozidi mwaka mmoja. Ya pili ni Mahakama Kuu, Bungoma, kwa Katiba ya 2010: ibara ya 29 inamlinda kila mtu dhidi ya ukatili, utoke serikalini au kwa mtu binafsi. Tumechagua Bungoma, kwa hati ya dharura, kwa sababu nataka polisi waamriwe kunilinda. Nimeapa kiapo na kuambatisha kila ujumbe pamoja na namba ya OB. Wakili alinionya nisitie chumvi hata punje. Nikieleza jambo moja nisiloweza kulithibitisha, hayo mengine yatatiliwa shaka.

Ijumaa, 23 Februari
Jaji ametoa amri za muda hadi pande zote zisikilizwe. Mdaiwa na watu wake wasinikaribie wala kunipigia simu. OCS, mkuu wa kituo cha polisi, ahakikishe usalama wangu na wa watoto. Hakuna askari atakayelala langoni. Doria itapita, na nimepewa namba ya kupiga. Ni kidogo, lakini wiki jana niliomba kama mtu anayeomba msaada, na leo afisa atakayepuuza ataulizwa na jaji kwa nini amedharau mahakama. Nakala nimempa chifu, mzee wa mtaa na majirani, ili wajue wakisikia kelele wampigie nani.

Jumatatu, 4 Machi
Mdaiwa ametuma mtu: atalipa nusu leo hii, mradi niondoe maombi ya Bungoma na nikaseme kituoni kwamba tumepatana. Pesa hiyo ingenunua mbegu na mbolea, na mvua ya kupanda i karibu. Nimemjibu mbele ya mzee wa mtaa. Habari ya deni tuizungumze kortini. Ni mali yangu, naweza kupunguza, hata kusamehe. Vitisho siviuzi. Nikivipokelea bei, mjane atakayemdai mwakani atatishwa kwa mfano wangu.