Baba, Mimi Ni Beki

Andiko letu leo ni Ezekieli 22:30. Fungua Biblia yako usome mwenyewe. Hapo Mungu anatafuta mtu mmoja tu wa kusimama mahali palipobomoka kwa ajili ya nchi. Mmoja tu. Na hakumpata.

Leo nitaongea habari za mpira. Kina mama, msiondoke. Hili ni lenu pia.

Mwaka jana kijana wangu, ambaye wakati huo alikuwa kidato cha pili, alirudi nyumbani jioni akiwa matope hadi magotini. Nikamuuliza, "Mlishinda?" Akasema, "Moja bila." Nikauliza, "Ni wewe ulifunga?" Akaniangalia kidogo, akasema, "Baba, mimi ni beki."

Nikacheka. Nikamwambia, "Basi mwambie kocha akupeleke mbele. Nani hukumbuka beki?"

Hakujibu. Alienda nje kuosha viatu vyake. Mimi nikaendelea kupanga nguo kwenye begi, kwa sababu asubuhi yake nilikuwa nasafiri kwenda kuhubiri mkutano wa injili.

Mpendwa, swali hilo nililiuliza kwa mzaha, lakini Bwana amenirudishia mara nyingi. Nani hukumbuka beki? Wacha nikuambie habari za mmoja.

Joseph Okumu alizaliwa Kisumu mwaka 1997. Alichezea Chemelil Sugar, halafu akaenda Afrika Kusini, Free State Stars, na huko hakupata nafasi kubwa. Mwaka 2018 alikuwa Marekani, katika mji wa Ann Arbor, jimbo la Michigan, akicheza ligi ndogo ambayo wengi wetu hatujawahi kuisikia. Kutoka hapo akachukuliwa na Real Monarchs, timu ya daraja la chini kule Utah. Kama ungekuwa jirani yao Kisumu ungesema, "Yule kijana wa mpira alipotelea wapi?"

Juni 2019 Harambee Stars ilirudi Kombe la Mataifa ya Afrika baada ya miaka 15. Timu ilipiga kambi Ufaransa kabla ya kwenda Misri. Siku chache tu kabla ya mashindano, Brian Mandela, beki wa kati aliyetegemewa sana, akaumia goti mazoezini. Safari yake ikaishia hapo. Okumu, kijana wa miaka 22, akasimama mahali palipobomoka.

Matokeo unayakumbuka. Algeria walitufunga 2-0. Tukawafunga ndugu zetu wa Tanzania 3-2. Senegal wakatufunga 3-0, tukarudi nyumbani. Ukimuuliza Mkenya yeyote habari za mashindano yale, atakuambia mabao mawili ya Michael Olunga dhidi ya Tanzania. Na ana haki, yalikuwa mabao matamu.

Lakini fanya hesabu. Mechi tatu, tulifungwa mabao saba. Ni beki gani anasifiwa baada ya mabao saba? Hata hivyo, Agosti hiyohiyo Okumu alisajiliwa na Elfsborg ya Sweden. Mwaka uliofuata timu hiyo ikamaliza ya pili kwenye ligi. Mwaka 2021 akaenda Gent ya Ubelgiji, na mwaka 2022 Gent ikachukua kombe la nchi hiyo. Mwaka 2023 akanunuliwa na Reims ya Ufaransa.

Sisi tulihesabu mabao yaliyoingia. Ninaamini kulikuwa na mtu ameketi pale akihesabu yale ambayo hayakuingia.

Na Mandela je? Tusimfanye kuwa ngazi ya ushuhuda wa mtu mwingine. Sitasimama hapa niseme Mungu alivunja goti la huyu ili amwinue yule. Baba yetu hana upungufu wa nafasi hata amwumize mtoto mmoja ndipo ampe mwingine. Mandela aliuguza goti, akangoja, na mwaka 2020 akaingia Mamelodi Sundowns, akabeba ubingwa wa ligi ya Afrika Kusini nao. Kungoja kwake kulikuwa kwake na Mungu wake.

Sasa turudi kwetu Salgaa.

Sisi wa hapa tunajua mteremko wa Sachangwan. Tunakumbuka tarehe 31 Desemba 2017, pale Migaa, basi na trela zilipogongana usiku na watu 36 wakafa. Baada ya hapo barabara ilipanuliwa na kutenganishwa katikati, wanaopanda upande wao na wanaoshuka upande wao. Niambie, ni asubuhi gani umewahi kuamka ukapita hapo ukasema, "Asante Bwana, jana hakuna basi lililokutana na trela uso kwa uso"? Ajali hutangazwa kwa redio. Ajali ambayo haikutokea haina mtangazaji.

Hiyo ndiyo kazi ya beki.

Nimalizie habari ya kijana wangu, ingawa naona aibu. Muhula ule nilisafiri sana. Kila mwisho wa juma nilikuwa mji mwingine. Watu waliokoka, picha tulipiga, wengi wenu mliandika "Amina" chini yake. Nilikuwa straika. Nyuma yangu goli lilikuwa wazi.

Jumanne moja alikuja kwangu fundi wa magurudumu, ndugu wa kanisa letu, ambaye jioni hufundisha vijana mpira. Hakuketi. Alisema, "Pasta, nisamehe. Kijana hajaonekana mazoezini wiki mbili. Mimi humwona usiku kule malori yanakolala. Juzi nilimtoa kwa lori lililokuwa linaondoka kwenda Malaba. Nilimrudisha mpaka kwa geti yako. Ulikuwa umesafiri."

Mama watoto alikuwa amejaribu kuniambia kwa simu kwamba mtoto amebadilika. Nilimjibu kwamba tuombe. Tuombe! Nilikuwa nimempa Mungu zamu yangu.

Usiku huo nilimngoja. Aliporudi sikupiga kelele. Nilimuuliza kwa nini aliacha mpira. Akasema, "Wewe ulisema hakuna mtu hukumbuka beki."

Mpendwa, nimesoma chuo cha Biblia, nimehubiri miaka mingi. Sikuwa na andiko la kumjibu. Nilimwomba msamaha. Kisha nilipiga simu nikafuta mikutano miwili. Jumamosi ile nilisimama kando ya uwanja, na mara ya kwanza maishani nilitazama mechi nzima bila kuufuata mpira. Nilimfuata beki mmoja. Nikaona anavyogeuza kichwa kila wakati, anavyoita wenzake, anavyofika mahali kabla ya hatari kufika. Walitoka sare, bila bila. Nikamwambia, "Leo nilikuona." Hakusema kitu, lakini alibeba begi langu mpaka nyumbani.

Bado tunatembea naye. Siku zingine ni nzuri, zingine si nzuri. Siwapi ushuhuda uliokamilika.

Nakuuliza wewe unayesoma: Mungu amekuweka wapi? Labda ni nyanya unayeamka saa tisa usiku kuombea wajukuu ambao hawapigi hata simu. Labda ni wewe mke unayefunga mlango kwa jambo ambalo mumeo hatajua kamwe lilikaribia. Labda ni wewe mlinzi wa usiku, au dada mkubwa uliyeacha shule ili wadogo wasome. Hakuna anayekupigia makofi. Usitamani kuhama kwenda mbele kwa sababu ya makofi. Yuko anayehesabu yale ambayo hayakuingia.

Na wewe baba uliye kama mimi, uliyepanda mbele ukasahau nyuma, rudi. Mechi haijaisha.

Tuombe. Baba, tusamehe sisi tulioacha nafasi zetu. Wabariki wote waliosimama mahali petu tukiwa mbali. Wakumbuke mabeki wako, na utufundishe kuwaona. Katika jina la Yesu. Amina.

Kabla hujalala leo, mpigie simu mtu mmoja aliyekulinda na hukuwahi kumshukuru. Mimi nilianza na fundi.