Mshindi Hurithi Nini?

Mwezi wa Aprili mwaka 2011 nilikuwa Chennai, mji mkuu wa jimbo la Tamil Nadu, kusini mwa India. Nilimsindikiza mdogo wangu, ambaye moyo wake ulikuwa na kasoro tangu utotoni. Ukoo mzima ulichanga ili apelekwe huko akapasuliwe. Aliyewahi kumsindikiza mgonjwa anajua kwamba kazi ya msindikizaji ni kungoja. Unamngoja daktari, unangoja majibu ya damu, unangoja mgonjwa azinduke. Nami katika kungoja kwangu nikawakuta watu wa jimbo zima nao wanangoja.

Walikuwa wamepiga kura tarehe 13 Aprili kuchagua bunge la jimbo lao. Jioni ile niliwaona watu wa mtaani wakipita na alama ya wino katika kidole cha shahada cha mkono wa kushoto. Nikadhani usiku huohuo tutasikia mshindi. Kumbe sivyo. Mashine za kupigia kura zilifungiwa katika vyumba vyenye ulinzi, na hesabu ikawekwa tarehe 13 Mei. Majimbo mengine, West Bengal likiwamo, yalikuwa bado yanapiga kura kwa awamu, na matokeo yote yalitakiwa yatoke siku moja. Mwezi mzima! Nilimwambia mdogo wangu kwamba kwetu, ambako tulikuwa tumetoka kupiga kura Oktoba iliyopita, mwezi mmoja wa namna hiyo tungeumaliza kwa uvumi na kununiana. Akacheka, kisha akashika kifua, nami nikajuta kumchekesha.

Katika nyumba ya wageni tuliyopanga palikuwa na mlinzi, mzee mmoja mwembamba aliyejua Kiingereza kidogo. Changu nacho kilikuwa cha shule, basi tukaelewana. Chumbani mwake palikuwa na televisheni ya rangi, na siku moja aliniambia kwamba hakuinunua. Alipewa na serikali.

Ndugu msomaji, usidhani alikuwa akinitania. Katika uchaguzi wa mwaka 2006 chama cha DMK, kilichoongozwa na mzee Karunanidhi, kiliahidi kuzigawia familia televisheni za rangi bila malipo. Kikashinda, na televisheni zikagawiwa kweli. Mwaka 2011 chama hicho kikaahidi mashine za jikoni za kusagia. Mpinzani wake mkubwa, mama Jayalalithaa wa chama cha AIADMK, aliyewahi kuwa mcheza filamu mashuhuri, naye akaahidi mashine za kusagia, blenda na feni, na kompyuta za mpakato kwa wanafunzi. Nilipoyasikia hayo niliwadharau kidogo wapiga kura wa pale. Nikasema moyoni, hawa wananunuliwa kwa vyombo vya jikoni.

Yule mzee ndiye aliyenitoa katika dharau hiyo, bila kukusudia. Jioni moja tulikuwa tukitazama televisheni yake na umeme ukakatika, kama ulivyokuwa ukikatika mara nyingi siku zile. Tukakaa gizani, joto la Mei likitukaba. Akaniambia kwamba televisheni bila umeme ni sanduku tu. Akaniambia pia kwamba anamshukuru mzee Karunanidhi kwa zawadi ile, lakini shukrani yake alishaitoa siku ya kuipokea, na kura ni kitu kingine. Watu walikuwa wamechoshwa na giza na bei za vitu. Aidha walikuwa wamesikia habari za kesi ya leseni za masafa ya simu, ambayo ilimfanya aliyekuwa waziri wa chama hicho huko Delhi, A. Raja, akamatwe mwezi wa Februari. Mahakama ilikuja kumwachia huru mwaka 2017, lakini wakati ule jina la chama lilikuwa limeshachafuka.

Mdogo wangu alipasuliwa siku chache kabla ya matokeo. Ijumaa ile ya tarehe 13 Mei alikuwa ametolewa chumba cha wagonjwa mahututi, na madaktari walinifukuza kwa upole nikapumzike. Nilirudi nikakuta chumba cha mlinzi kimejaa watu, hata mlangoni hapapitiki. Televisheni ile ya bure ilikuwa ikiwatangazia waliopewa kwamba aliyewapa ameanguka. Katika viti 234 vya bunge la jimbo, AIADMK ilipata 150, na pamoja na washirika wake 203. DMK iliambulia 23. Hata nafasi ya kuongoza upinzani haikuipata, kwa kuwa chama cha mcheza filamu mwingine, Vijayakanth, kilipata viti 29. Mzee Karunanidhi, mwenye umri wa miaka 86, alishinda kiti chake mwenyewe lakini serikali ilimtoka.

Nje fataki zilianza kulia. Mimi nilishtuka, nikatazama dirisha. Wenzangu hawakuinua hata shingo. Siku tatu baadaye, tarehe 16 Mei, Jayalalithaa aliapishwa kuwa Waziri Mkuu wa jimbo. Wafuasi wake walimwita Amma, yaani Mama. Nilimwuliza mlinzi kama anafurahi. Alijibu kwamba miaka mitano si mingi, na akaenda kufunga geti.

Niliondoka Chennai nikiwa nimejaa sifa. Nilidhani nimeona yote yanayohitajika: watu wanangoja kwa subira, mkubwa anakubali kushindwa, funguo zinabadilisha mikono. Sikujua kwamba sehemu ngumu huanza baada ya funguo kupokewa.

Tulipokuwa tukienda hospitali kwa bajaji tulikuwa tukipita barabara ya Anna Salai, na mara kwa mara dereva alitunyoshea jengo kubwa la mviringo. Lilikuwa jengo jipya la bunge na ofisi kuu za serikali ya jimbo, fahari ya Karunanidhi. Lilifunguliwa na Waziri Mkuu wa India, Manmohan Singh, mwezi wa Machi mwaka 2010, likiwa bado linaendelea kujengwa. Siku ya ufunguzi kuba lake lilikuwa halijakamilika, hata pakawekwa la muda. Jayalalithaa aliposhika madaraka alikataa kuliingia. Bunge na ofisi zikarudishwa katika ngome ya zamani ya St. George, iliyojengwa na Waingereza katika karne ya 17.

Jengo halilii, unaweza kusema. Lakini watoto je? Serikali iliyotoka ilikuwa imetunga sheria ya kuwapa watoto wote wa jimbo mtaala mmoja, na vitabu vipya vilikuwa vimekwisha chapwa. Serikali mpya ikavizuia. Shule zikafunguliwa mwezi wa Juni, na vitabu vikabaki maghalani huku wakubwa wakivutana mahakamani. Tarehe 9 Agosti Mahakama Kuu kabisa ya nchi iliamuru vigawiwe. Vikagawiwa, lakini kwanza kurasa zenye sifa za mzee Karunanidhi zilifunikwa kwa karatasi au kupakwa wino mweusi.

Habari hiyo niliisoma gazetini nikiwa nyumbani, na nakiri kwamba gazeti liliniangukia mkononi. Maana niliikumbuka kamati ya shule ya kijijini kwetu.

Miaka kadhaa kabla ya safari ile nilichaguliwa kuwa mwenyekiti wa kamati hiyo. Niliyemshinda alikuwa mzee wa makamo, mkali wa maneno, ambaye aliacha msingi wa darasa moja umekwisha jengwa. Jambo la kwanza nililolifanya ni kusema kwamba msingi ule umewekwa mahali pabaya. Haikuwa kweli. Palikuwa pazuri, penye kivuli na mteremko wa kupitisha maji. Nikaanzisha msingi mwingine upande wa pili wa uwanja, fedha zikaisha, na watoto wakaendelea kusoma chini ya mwembe misimu miwili ya mvua. Hakuna aliyenishitaki. Wengi hata walinipigia makofi, nami nikayapokea. Wahenga walisema mgema akisifiwa tembo hulitia maji.

Kila nikikumbuka nilivyowadharau watu wa Tamil Nadu kwa ajili ya mashine za kusagia, naona haya. Wao walijua tofauti ya zawadi na kura. Mimi, niliyesoma, sikujua tofauti ya kumshinda mtu na kuifuta kazi yake. Kura huondoa watu madarakani, na ni haki iwe hivyo. Lakini matofali hayakugombea, wala kitabu cha mtoto hakikuomba kura. Hivyo ni mali ya waliopiga kura, walioshinda na walioshindwa, na mshindi hukabidhiwa avitunze.

Lile jengo la mviringo halikupotea. Mwaka 2014 lilifunguliwa tena likiwa hospitali kubwa ya serikali. Nilipowaza kwamba ndani yake wamo wagonjwa kama mdogo wangu, na ndugu wanaongoja kama nilivyongoja mimi, sikuweza kuendelea kukasirika. Jayalalithaa alifariki Desemba mwaka 2016, akiwa ametoka kushinda tena mwaka huohuo. Karunanidhi akafuata Agosti 2018. Mwaka 2021 serikali ikabadilika tena, na mtoto wa Karunanidhi, M. K. Stalin, akawa Waziri Mkuu wa jimbo. Mara tu ushindi ulipotangazwa, baadhi ya wafuasi wa chama chake walivamia mgahawa mmoja wa bei nafuu kati ya ile iliyoanzishwa na Jayalalithaa kwa jina la Amma, wakang'oa mabango. Wakachukuliwa hatua, na migahawa ikaendelea. Hali kadhalika palikuwa na mabegi ya shule yaliyokwisha tengenezwa yakiwa na picha ya Jayalalithaa. Serikali mpya iliamua yagawiwe kwa watoto hivyohivyo, fedha zisipotee.

Mimi sikungoja mwaka huo. Nilikwenda kwa yule mzee niliyemshinda mwezi mmoja baada ya kusoma habari za vitabu. Nilibeba kilo mbili za sukari, kama ilivyo desturi, na nikamwambia kwamba msingi wake ulikuwa mzuri na kwamba nilisema uongo. Hakunijibu upesi. Alimwita mjukuu alete viti.

Darasa lilikamilika mwaka 2013, juu ya msingi wake. Siku ya kulifungua nilimwomba akate utepe. Akaukata, akaingia ndani, akapita akigonga fremu za madirisha moja baada ya moja. Alipofika la mwisho akaniambia kwamba hilo limepinda, lirekebishwe kabla ya masika. Tukalirekebisha.