Gongeni Mlango, Hata Pipeline

Ndugu zangu wa Jericho na Maringo, Nairobi,

Niko London. Mama mdogo aliniuliza kwa simu kama majirani zangu ni watu wazuri. Sikuwa na la kumjibu. Tunapanda lifti moja, kila mtu kainamia simu yake, na majina yao siyajui.

Kutojuana huku kunaweza kufika mbali: Januari 2006, mtaani Wood Green kaskazini mwa jiji hili, maafisa wa nyumba walivunja mlango wa mwanamke aliyekuwa na deni la kodi. Wakakuta mifupa. Televisheni ilikuwa ingali inawaka. Alikuwa amekufa zaidi ya miaka 2 kabla ya hapo, akiwa na umri wa miaka 38, ilhali dada zake walikuwa hai. Sehemu ya kodi ilikuwa ikilipwa moja kwa moja kutoka fedha za msaada wa serikali, basi kwa muda mrefu hakuna aliyekuwa na haja ya kubisha. Hapo ndipo ninapoogopa. Mwaka 2018 Uingereza iliteua waziri wa kushughulikia upweke, na Japani ikafuata mwaka 2021. Jambo likifika kwa waziri, limekwisha kuwashinda majirani.

Huko kwenu Jericho, mlango ukifungwa siku mbili mama mboga atauliza. Kamba ya nguo ni ya wote, na mtoto hula alikokutwa na chakula. Mtu akifariki, jioni hiyo hiyo viti hutolewa nje, daftari la mchango likafunguliwa, na hata mpangaji aliyehamia juzi akaandikwa.

Lakini binamu yangu sasa anakaa mtaa wa Pipeline, ghorofa ya saba, ambako maghorofa yamebanana hadi taa huwashwa mchana. Kodi analipa kwa M-Pesa, stima ni ya tokeni, chakula huletwa na boda hadi getini. Anayemjua ni keateka wa jengo peke yake. Nilipomsikia, nikasikia London. Na mtaani Shauri Moyo nako maghorofa mapya yanapanda. Siyakatai, maji ndani ya nyumba ni haki ya kila mtu. Nawaomba tu mtakaohamia humo mlihamishe na daftari.

Msingoje msiba ndipo mlifungue. Jumapili hii gongeni mlango wa pili, mwulizeni jirani jina lake na namba ya ndugu yake mmoja, kisha muandike.