Wangoni, Wazulu na Swali la Mwanangu

Mimi ni muuguzi, mzaliwa wa kijiji cha jirani na Peramiho, mkoani Ruvuma. Stashahada ya uuguzi niliipata nyumbani Tanzania, shahada nikaja kuisomea hapa Durban, na kazi ikanibakiza. Naishi Morningside na mume wangu na kijana wetu wa miaka kumi, si mbali na Mitchell Park. Leo nataka kuwasimulia jambo lililotupata Septemba iliyopita, maana naamini wazazi wengi tulio ughaibuni limetupata au liko njiani.

Hapa Afrika Kusini tarehe 24 Septemba ni Sikukuu ya Urithi. Katika jimbo letu la KwaZulu-Natal wengi bado wanaiita Siku ya Shaka, kwa kumkumbuka mfalme wa Wazulu aliyeuawa na ndugu zake Septemba 1828. Shuleni watoto huambiwa waje na mavazi ya kwao. Wenye asili ya Kihindi, nao Durban ni wengi, huja na sari na kurta. Wazulu huja na shanga na ngozi. Kijana wangu naye alitaka shanga kama marafiki zake. Wiki tatu kabla ya siku yenyewe, mtoto mmoja akamwambia mbele ya wenzake kwamba yeye haruhusiwi, yeye ni kwerekwere, avae nguo za kwao na ikiwezekana arudi huko huko.

Neno hilo ni la dharau kwa Mwafrika aliyetoka nchi nyingine. Sisi wageni wa hapa tunalijua vizuri. Na waliokuwepo Durban mwaka 2015, watu walipofukuzwa majumbani na kwenda kulala kwenye mahema, wanajua kwamba halikomei kwenye maneno.

Usiku ule nilikuwa najiandaa kwenda zamu. Kijana akaniuliza, "Mama, kwani sisi ni kabila gani?"

Nikamwambia, "Sisi ni Wangoni."

"Wangoni ni nini?"

Nilifungua kinywa na sikupata cha kusema. Nilijua ngoma ya lizombe. Nilijua kwamba mji wa Songea umepewa jina la nduna Songea Mbano, na kwamba Wajerumani walimnyonga mwaka 1906, kwa sababu tulipokuwa shule ya msingi tulipelekwa Makumbusho ya Majimaji. Basi. Nina shahada, naweza kukueleza kazi ya figo kwa nusu saa, lakini habari za watu wangu zilinishinda katika dakika mbili.

Jumamosi iliyofuata nikashuka Florida Road hadi Ike's Books, duka la vitabu vya zamani ambalo kuta zake zimejaa sahihi za waandishi waliowahi kufika. Nilitaka kitabu chochote cha Wazulu, nimwelimishe mtoto angalau kuhusu watu anaosoma nao. Nikatoa rafuni kitabu cha mwaka 1966, *The Zulu Aftermath* cha J. D. Omer-Cooper. Nikakifungua nikiwa nimesimama, na humo ndani nikakuta Wangoni. Wangoni wetu, na Songea yetu! Nilikaa chini sakafuni kama mtoto. Bei ilinifanya nimeze mate, lakini nililipa.

Kwa kifupi habari yenyewe ni hii. Miaka ya 1810 katika nchi hii ninayoishi kulikuwa na vita vya falme. Shaka wa Wazulu alipambana na Zwide wa Wandwandwe, na karibu mwaka 1819 akamshinda. Makundi kadhaa yakakimbia. Kundi moja liliongozwa na Zwangendaba wa ukoo wa Jere. Likapita Msumbiji, likaingia Zimbabwe ya leo, na Novemba 1835, siku ambayo jua lilipatwa, likavuka mto Zambezi. Likaendelea kaskazini hadi Ufipa, na huko Zwangendaba akafariki katika miaka ya 1840. Baada ya msiba watu wakagawanyika. Sehemu moja, chini ya Zulu Gama na Mbonani Tawete, ikaelekea mashariki hadi Songea. Huko wakawakuta Wangoni wengine, wa Maseko, wakapigana nao na kuwafukuza. Ndipo zikasimama falme mbili tulizosikia utotoni, Njelu ya akina Gama na Mshope ya akina Tawete.

Unaona maneno yalivyosafiri? Nduna wa Songea ndiye induna wa Wazulu. Jina la Nyoni, ambalo kwetu ni la kawaida kabisa, hapa ni inyoni, ndege. Hata Gama wapo hapa hapa, wanalitamka kama sisi.

Nilirudi nyumbani nikiwa na furaha ya kupita kiasi. Nikamwambia kijana, "Kesho kamwambie mwenzako kwamba babu zako walitoka hapa. Wewe si mgeni, wewe umerudi nyumbani." Akaenda kifua mbele. Nami moyoni nikaona nimeshinda kesi.

Furaha hiyo ilidumu siku mbili. Wodini kwetu alikuwepo mzee mmoja, mwalimu mstaafu, Mzulu mwenye kupenda mazungumzo. Jina lake nalihifadhi. Nilipokuwa nampima presha nikamsimulia ugunduzi wangu. Akacheka taratibu.

"Sista," akasema, "huyo Zwangendaba hakuwa mtu wa Shaka. Alimkimbia Shaka. Siku ya Shaka mwanao atasherehekea aliyewafukuza babu zake?"

Nikacheka pia, lakini lilinichoma. Akaendelea, "Na wewe mwenyewe, ukoo wenu ni upi? Mlitoka huku, au mliwakuta huko waliotoka huku?"

"Sijui, mkhulu," nikamjibu. Mkhulu ndivyo tunavyowaita wazee hapa, yaani babu.

"Basi soma zaidi kabla hujampeleka mtoto vitani."

Nikasoma. Siku zangu za mapumziko nikawa napanda hadi maktaba ya Killie Campbell, iliyo chini ya Chuo Kikuu cha KwaZulu-Natal, mtaa wa jirani na kwetu. Hapo ndipo zilipo karatasi za James Stuart, hakimu wa kikoloni aliyewahoji karibu watu 200, wengi wao wazee wa Kizulu, kuanzia mwisho wa karne ya 19 hadi mwaka 1922, akaandika walivyosimulia. Tangu 1976 zimekuwa zikichapishwa juzuu kwa juzuu. Nilijifunza kitu kimoja kikubwa: wazee wale hawakukubaliana. Mmoja anamtukuza Shaka, mwingine ukoo wake uliangamizwa na Shaka.

Vitabu navyo ni hivyo hivyo. Thomas Mofolo, Mosotho, alichapisha *Chaka* kwa Kisotho mwaka 1925, na Shaka wake ni mtu aliyeiuza roho yake kwa mganga ili apate utawala. Mazisi Kunene, Mzulu wa Durban, akatoa mwaka 1979 utenzi mrefu, *Emperor Shaka the Great*, na Shaka wake ni mjenzi wa taifa. Kabla yao wote wawili alikuwepo Magema Fuze, aliyefundishwa kazi ya uchapaji kwenye misheni ya Askofu Colenso. Kitabu chake cha mwaka 1922 ndicho cha kwanza kuchapishwa kwa Kizulu na Mzulu mwenyewe, na jina lake maana yake ni watu weusi na kule walikotoka. Swali la mwanangu ndilo lilikuwa jina la kitabu cha yule mzee!

Mwenzangu wa zamu, dada wa Kixhosa kutoka Eastern Cape, akaniazima *The Dead Will Arise* cha J. B. Peires, cha mwaka 1989. Mwaka 1856 binti aitwaye Nongqawuse alisema kwamba Waxhosa wakichinja ng'ombe wao wote na kuharibu nafaka, wafu watafufuka na wazungu wataondoka. Mfalme Sarhili akakubali. Peires anakadiria kwamba ng'ombe 400,000 hivi walichinjwa na watu 40,000 hivi wakafa njaa. Wengine huwacheka watu wale kwa ujinga. Lakini ugonjwa wa mapafu wa ng'ombe ulikuwa umekwisha kuingia nchini tangu 1853, mifugo inakufa hovyo, na ardhi imechukuliwa vitani. Mimi muuguzi nimeona mara nyingi mgonjwa ambaye dawa zimemshinda anavyomsikiliza yeyote mwenye ahadi. Nikawakumbuka babu zetu wa 1905 na maji ya Kinjekitile. Kwetu pia baada ya vita ilikuja njaa, kwa sababu Wajerumani walichoma mashamba na maghala.

Na kitu kimoja kilianza kunikera. Katika vitabu vyote hivi nilikuwa nasoma wafalme, manduna na vita. Mabibi hawamo, au wamo kama ng'ombe waliotekwa, idadi tu. Nikakumbuka swali la yule mzee, nikampigia simu bibi yangu mzaa mama.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mjukuu wangu. Umekula?"

Nikamwuliza kama sisi kweli ni Wangoni waliotoka kusini. Akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Babu yako ukoo wake ulitoka huko, ndivyo walivyosema. Lakini bibi yangu mimi alikuwa Mndendeule. Alichukuliwa akiwa binti mdogo, akapelekwa kwenye boma la nduna. Hakuwaona tena mama yake wala baba yake. Alikuwa akipepeta mahindi anaimba wimbo wa kwao, sisi watoto hatuuelewi maneno."

"Mbona hukuwahi kuniambia?"

"Hukuwahi kuuliza. Na wakati wetu lilikuwa jambo la aibu kusema mtu katoka kwa mateka."

Ndugu zangu, nilikaa kimya muda mrefu baada ya simu ile. Vitabu vinasema wazi kwamba Wangoni waliotoka kusini walikuwa wachache, na kwamba wengi walioitwa Wangoni baadaye ni watu wa makabila ya huku waliotekwa au kumezwa na falme zile. Nilikuwa nimeisoma sentensi hiyo na kuipita. Sasa ilikuwa na sura ya mtu. Na hapo nikaelewa jambo lililonishangaza tangu mwanzo: kwa nini Kingoni cha Songea hakifanani na Kizulu, ila kwa maneno machache. Askari walishinda vita, lakini watoto walilelewa na mama. Lugha iliyobaki ni ya akina mama.

Jioni ile nilimwita kijana, nikamwomba radhi. Nikamwambia, "Nilikupa jibu la haraka. Sikiliza la kweli." Nikamweleza yote: kwamba baadhi ya babu zake walikimbia vita hapa na walipofika Songea wakawa wao ndio wavamizi; kwamba bibi mmoja wa kwetu alichukuliwa kwa nguvu; na kwamba sisi ni watoto wa pande zote mbili. Nikamwambia pia kwamba hata kama tusingekuwa na tone moja la damu ya huku, hakuna mtoto mwenye haki ya kumwita kwerekwere. Mtu haheshimiwi kwa sababu babu yake alipita hapa miaka 200 iliyopita. Hilo ndilo kosa langu. Nilimpa mtoto cheti cha ukoo aende akakionyeshe, kana kwamba bila cheti wale wengine wangekuwa sahihi.

Akafikiri, kisha akauliza, "Huyo bibi aliyechukuliwa aliitwa nani?"

Sikujua. Tukampigia bibi tena. Akalitaja jina, na kijana akaliandika kwenye daftari lake mwenyewe.

Tarehe ilipofika alivaa shati la kitenge alilotumiwa na shangazi yake, akabeba ramani aliyoichora. Ilikuwa na mistari miwili. Mmoja mrefu, kutoka huku KwaZulu-Natal, unavuka Zambezi hadi Songea. Mwingine mfupi sana, kutoka kijiji cha Wandendeule hadi kwenye boma, na juu yake jina la yule bibi. Mwalimu alimpa nafasi akaeleza. Yule mtoto aliyemtukana hakuomba radhi, sitawadanganya. Ila msichana mmoja wa Kizulu alimwuliza kama anaweza kumsaidia kuchora ya kwao.

Wazazi wenzangu, na nyinyi wanafunzi mnaosoma nje, nawaomba mambo mawili. Kwanza, kama mji mlipo una maktaba au duka la vitabu vya zamani, ingieni. Historia yetu imehifadhiwa mahali pengi tusipopadhania, na watoto wetu wataulizwa tu. Someni vitabu viwili vinavyopingana, sio kimoja. Pili, kabla hujamaliza kusoma, piga simu nyumbani. Bibi yangu yuko karibu na miaka 90. Jina lile halimo katika kitabu chochote cha Killie Campbell wala cha Ike's. Lilikuwa limehifadhiwa kichwani mwake tu, linangoja mtu aulize.

Sasa kila Jumapili jioni kijana ndiye anayempigia. Kiswahili chake bado kinayumba, bibi anamcheka, naye anarudia sentensi mpaka iwe sawa. Juzi nilimsikia akimwomba aimbe ule wimbo wa kupepeta mahindi. Bibi alisema anakumbuka sauti yake tu, maneno hapana. Kijana akamwambia aimbe hivyo hivyo, yeye atarekodi.