Timazi ya Fundi na Mnara wa Nairobi

Nilibadilisha fedha Namanga asubuhi ya baridi, Julai 2019, na katika noti nilizohesabiwa mbili zilikuwa mpya kabisa, hazijawahi kukunjwa. Nikaiinua moja kwenye mwanga. Mahali nilipotarajia uso wa rais palikuwa na jengo: mnara mrefu wa duara. Lilikuwa KICC, Jumba la Mikutano la Kimataifa la Kenyatta. Nilikuwa nimesafiri siku mbili kwenda kuliona jengo hilo, nalo likanipokea mpakani.

Natoka Bagamoyo. Siyo Bagamoyo ya pwani, yenye magofu ya Kaole na historia ya misafara. Yetu ni kata ya mji wa Tukuyu, wilayani Rungwe, ambako mvua haichoki na migomba huficha nyumba mpaka unaona moshi kabla ya bati. Kazi yangu ni uashi. Matofali ya kuchoma, msingi wa mawe, lenta, basi. Jengo kubwa nililowahi kushiriki lilikuwa la ghorofa mbili, na siku tuliyomwaga zege la juu nilikosa usingizi, maana ardhi ya kwetu, iliyo chini ya Mlima Rungwe, hutikisika mara moja moja na kila fundi analijua hilo. Jengo kongwe tunalolitazama kwa heshima ni boma la Wajerumani. Walihama Langenburg, ufukweni mwa Ziwa Nyasa, mwanzoni mwa karne ya 20, wakaja kwenye baridi yetu na kukiita kituo chao kipya Neu-Langenburg.

Fundi aliyenifundisha kazi alikuwa na kalenda ya zamani ya Kenya, imebandikwa kwenye mlango wa stoo ya vifaa. Miezi ilikwisha, miaka ikapita, picha ikabaki. Ilikuwa picha ya KICC. Kila kijana mpya aliyekuja kujifunza alionyeshwa picha hiyo na kuambiwa kwamba kwenye karatasi jengo lile lilianza na ghorofa nne. Alikuwa akisema hivyo kwa uzito, kama mtu anayetoa onyo na sifa kwa pamoja. Alipofariki, mkewe aliniita akanikabidhi timazi yake ya shaba, na nilipoishika niliamua kwenda kuliona jengo lile kwa niaba yake, kwa kuwa yeye hakuwahi kuvuka Makambako.

Njia nitaisema kwa kifupi. Koasta hadi Mbeya kupitia Kiwira na Uyole, kisha alfajiri basi la Arusha: Iringa, bwawa la Mtera likimetameta upande mmoja, Dodoma, Kondoa, Babati, na Arusha usiku miguu ikiwa imevimba. Asubuhi yake Namanga. Pale hukaguliwi mara mbili tena. Unagongewa mihuri ya nchi zote mbili ndani ya jengo moja, tangu kituo cha pamoja cha mpakani kilipozinduliwa Desemba 2018. Baada ya hapo ni nyasi kavu, ng'ombe wa Wamasai na vumbi, mpaka Nairobi inapoanza kujikusanya mbele yako, ghorofa moja baada ya nyingine.

Mdogo wangu, mtoto wa baba mdogo, anayeishi Nairobi, alinipokea kituoni. Nikamwambia, "Kabla ya chai, nipeleke KICC." Akacheka, lakini akanipeleka.

Sikuliona kwa mbali kama nilivyodhani. Majengo mengine sasa yanalipita urefu. Times Tower lilipokamilika, karibu na mwaka 2000, liliipokea sifa ya kuwa refu kuliko yote nchini, na kule Upper Hill mnara wa Britam umefika mita 200, karibu mara mbili ya mita 105 za KICC. Tulikata kona, na ghafla likawa pale, ghorofa 28, rangi ya udongo wa tanuri. Rangi ile ndiyo iliyonigusa kwanza. Picha ya fundi ilikuwa imefifia na kuwa kijivu, kwa hiyo miaka yote nilidhani ni jengo la saruji tupu. Kumbe lina rangi ya tofali letu linapotoka kwenye moto, kabla mvua haijalinyeshea. Pembeni yake umekaa ukumbi wa mikutano wenye paa lililochongoka kama nyumba ya msonge.

Nilisimama uwanjani, nikaitoa timazi, nikaning'iniza uzi mbele ya jicho moja na kuulinganisha na ukingo wa mnara. Uzi na ukingo vilikwenda pamoja mpaka juu. Miaka 46, na mnara umesimama wima. Askari alinisogelea akauliza, "Mzee, hiyo ni nini?" Nikamwambia ni timazi, mimi ni fundi kutoka Tanzania. Akaipokea, akaipima uzito kiganjani, akanirudishia. "Karibu sana," akasema, "tikiti ya kupanda juu unalipia ndani."

Maneno ya marehemu kuhusu ghorofa nne yalikuwa kweli. Katikati ya miaka ya 1960 chama tawala, KANU, kilitaka makao makuu yake. Mchoro ulikabidhiwa kwa Karl Henrik Nøstvik, msanifu kutoka Norway aliyekuwa akiitumikia Serikali ya Kenya, akifanya kazi pamoja na David Mutiso, mmoja wa wasanifu wa kwanza Waafrika nchini humo. Kazi ya ujenzi ilianza mwaka 1967. Matakwa yakaongezeka, mnara ukapandishwa, na ilipojulikana kwamba Nairobi itapokea mkutano wa mwaka wa Benki ya Dunia na Shirika la Fedha la Kimataifa, mkutano wao wa kwanza wa namna hiyo katika Afrika, makao ya chama yakawa jumba la kupokea dunia nzima. Mzee Jomo Kenyatta alilifungua Septemba 1973, na mwezi huohuo wageni wakaingia.

Kwa fundi, habari hii ni nzito. Mwenye nyumba akija kazini na kusema "ongeza chumba", unakuna kichwa. Akisema "ongeza ghorofa", unamrudisha kwenye msingi, maana ukuta hausahau kilichozikwa chini yake. Waliojenga pale waliongezewa hadi zikafika 28, tarehe ya wageni ikisogea, nao wakamaliza kwa wakati na kwa unyoofu ule niliouona kwenye uzi wangu. Majina ya wasanifu yameandikwa. Wale waliofunga nondo na kubeba zege hadi juu sikuyaona majina yao popote, na niliyatafuta kwa macho kila ukuta niliopita.

Kuna jambo jingine nililotembea nalo ndani ya jumba lile. Katika mkutano huo wa 1973, Robert McNamara, rais wa Benki ya Dunia, alitoa hotuba ambayo bado inatajwa na wanaoandika juu ya umaskini. Alizungumzia umaskini uliokithiri, na hasa mkulima mdogo wa kijijini. Aliweka lengo kwamba ifikapo mwaka 1985 mavuno ya wakulima wadogo yawe yanakua kwa asilimia 5 kila mwaka. Mimi nilizaliwa 1984. Mwaka huo wa 1985 mama alikuwa anachuma chai akiwa amenifunga mgongoni, kapu la mgongoni likiwa limempisha mtoto, naye akilibeba ubavuni. Yeye ndiye aliyezungumziwa. Ndani ya ukumbi wenye paa la msonge waliketi mawaziri wa fedha na magavana wa benki kuu, wakimjadili mama bila yeye kujua kuwa kuna jumba, wala mkutano, wala asilimia.

Na jumba lenyewe lilikuwa la nani? Fundi akiulizwa hivyo huanza na aliyelipia saruji. Saruji ya KICC ililipiwa kwa fedha za umma, lakini kwa miaka mingi chama ndicho kilichokaa kama mwenye mali. KANU iliposhindwa katika uchaguzi wa Desemba 2002, serikali mpya haikukawia: Februari 2003 ililitwaa jumba hilo na kulirudisha mikononi mwa umma. Kisha Katiba ya mwaka 2010 ikakataza sura ya mtu kuwekwa kwenye fedha, na noti zilizozinduliwa Juni 2019 zote zikabeba KICC. Wapo waliokwenda mahakamani, kwa sababu sanamu ya Mzee Kenyatta iliyo mbele ya jengo inaonekana kwenye picha hiyo. Nawaelewa. Ila mimi, mwashi, nilifurahi kwamba kazi ya mikono imepewa nafasi iliyokuwa ya wakubwa.

Tulipanda lifti pamoja na watoto wa shule waliovaa sweta za kijani. Ilikuwa mara yangu ya kwanza kupanda lifti ndefu namna ile. Masikio yaliziba, moyo ukapiga, nikaishika timazi mfukoni. Lifti ilituacha karibu na juu, ngazi zikamalizia. Paani palikuwa na upepo wa baridi kama wa kwetu Julai. Mdogo wangu alinionyesha Bunge, Uhuru Park, reli, na upande ule bustani ya kumbukumbu ya Agosti 7, mahali palipokuwa ubalozi wa Marekani uliolipuliwa mwaka 1998. Nilisimama hapo kwa muda. Mlipuko ule uliangusha jengo la jirani, Ufundi House, likiwa na watu ndani. Jina hilo limenikaa moyoni kuliko yote niliyoyasikia siku ile.

Mtoto mmoja aliniuliza kama kwetu kuna nyumba ndefu hivi. Nikamwambia kwetu kirefu ni mlima.

Niliporudi Bagamoyo nilimkuta mama jikoni, akimenya ndizi. Nikampa noti ya shilingi 100, ile mpya. Akaifuta mikono yake kwenye khanga kwanza, kisha akaipokea kwa mikono miwili.

"Hili ndilo jumba?"

"Ndilo, mama."

"Na wewe uliingia?"

"Niliingia, nikapanda mpaka juu."

Akaitazama sana. Halafu akaigeuza, na upande wa pili zikatokea picha za kilimo. Akakaa nazo kimya, akizisogeza kwenye mwanga wa moto, kidole chake chenye weusi wa chai kikipita juu yake polepole. "Ndaga fijo," akasema, asante sana, akaikunja mara moja tu, akaifunga kwenye pindo la khanga, akarudi kwenye ndizi zake.