Visima vya Garbatulla na Sheria ya Wazee

Msafiri atokaye mji wa Isiolo akaelekea mashariki hupita Kula Mawe, na baada ya mwendo mrefu katika nchi kavu ya migunga hufika Garbatulla. Hapa ndipo kwao Waborana wa Waso, wafugaji wa ngamia, ng'ombe, mbuzi na kondoo. Mvua ni haba, na kwa hiyo kisima kina thamani kuliko nyumba.

Kisima cha Waborana hakitumiwi ovyo. Kina konfi, yaani mwenye asili ya kukichimba. Tena kina abba herega, mtu apangaye zamu, kundi gani litangulie leo na lipi lingoje hadi kesho. Avunjaye zamu huitwa mbele ya wazee. Tangu zamani sheria hiyo ilikaa vifuani mwa wazee, nao waliwapokeza vijana wao kwa mdomo.

Asomaye Torati ya Wayahudi hataona mambo hayo kuwa mageni. Kitabu cha Mwanzo chasimulia jinsi Isaka alivyochimbua tena visima vya Ibrahimu baba yake, vilivyofukiwa na Wafilisti, akaviita kwa majina yale yale ya kwanza. Wachungaji wa Gerari wakamgombania maji, akakiita kisima kimoja Eseki, na kingine Sitna. Cha tatu hakikugombaniwa, akakiita Rehobothi. Musa naye, ambaye Waislamu wa Garbatulla wamjua vema katika Kurani, aliwanyweshea mabinti wa Midiani mifugo yao kisimani.

Lakini pamoja na Torati iliyoandikwa, Wayahudi walikuwa na sheria nyingine ya kupokezana kwa mdomo. Mwaka 70 majeshi ya Kirumi yaliteketeza Yerusalemu na Hekalu lake. Na maasi yaliyokomeshwa mwaka 135 yalileta mauaji makubwa. Mwalimu akifa, elimu yake yaweza kufa pamoja naye. Basi yapata mwaka 200, Yehuda ha-Nasi akaikusanya sheria hiyo ikawa Mishna. Humo hamna habari za ibada peke yake. Mna hukumu ya mtu aliyeacha shimo wazi, ng'ombe wa jirani akatumbukia. Mna pia kanuni ya kutochimba kisima karibu mno na kisima cha mwenzako. Juu ya Mishna ikajengwa Talmudi. Wayahudi wengi wakakaa ugenini karne nyingi, lakini sheria yao haikupotea. Hata Kiebrania, kilichokuwa lugha ya vitabu na sala, kikarudi vinywani mwa watoto. Na mwaka 1966 S. Y. Agnon, mwandishi wa lugha hiyo, akapewa Tuzo ya Nobel.

Wakati huo Garbatulla ilikuwa katika msiba wake. Vita vya Shifta, vilivyoanza mwaka 1963 na kwisha 1967, viliwafanya watu wakusanywe kambini, nayo Garbatulla ilikuwa mojawapo ya kambi hizo. Malisho yalikuwa mbali, na mifugo mingi mno ikafa. Waborana huuita wakati huo Gaf Daba, siku zilizosimama. Matajiri wa jana wakawa maskini, na amri ya wazee wa malisho na visima ikalegea.

Nchi ya wafugaji isiyo na maandishi huweza pia kudhaniwa kuwa haina mwenyewe. Mwaka 1903 Serikali ya Uingereza iliwaahidi Wayahudi ardhi ya Uasin Gishu, na waliochunga huko hawakuulizwa. Mwaka 1905 mkutano wa Wazayuni huko Basel uliikataa ahadi hiyo; lakini muda si mrefu walowezi wengine wakagawiwa ardhi ile ile.

Siku hizi Katiba ya mwaka 2010 na Sheria ya Ardhi ya Jamii ya mwaka 2016 zaitambua ardhi ya jamii, nao wazee wa Garbatulla wameanza kuziweka kanuni zao za maji na malisho katika maandishi. Kazi hiyo yataka wazee wenye kumbukumbu na vijana wenye kalamu, wakae pamoja wangali hai wote. Wahenga walisema, mali bila daftari hupotea bila habari. Isaka aliweza kuvirudishia visima majina yao kwa sababu alikuwapo aliyeyakumbuka.